Mwaka Usio na Mafundo

Ikishafika katikati ya Novemba, nchi nzima huanza kusema maneno yaleyale. Utayasikia kijiweni, saluni, ndani ya daladala, msibani, hata redioni kati ya nyimbo mbili: jamani, mwaka huu umekimbia. Juzi tu tulikuwa tunahangaika na ada za Januari, leo watu wanaulizana nauli za Desemba. Mtoto uliyemwacha akiwa mgongoni kwa mama yake, sasa sauti imekuwa nzito na anadai simu ya kwake. Waumini nao hukumbusha kwamba mambo haya yalishasemwa, kwamba zama zikikaribia ukingoni mwaka utapita kama mwezi na mwezi kama wiki.

Sina ugomvi na wenye kusubiri kiama. Lakini saa ya ukutani haijabadilika. Dakika bado ni sekunde 60, na jua la Dar es Salaam linachomoza mida ileile ya saa kumi na mbili hivi, mwaka mzima likiwahi au kuchelewa kwa muda usiozidi nusu saa hivi. Kilichobadilika kiko kwetu. Muda tunapewa uleule waliopewa babu zetu. Tulichopoteza ni alama za kuutambua unapopita.

Kuna Mfaransa mmoja aliyelipima jambo hili kwa mwili wake. Mwaka 1962, Michel Siffre, kijana wa miaka 23 aliyesomea jiolojia, aliteremka kwenye pango la Scarasson, ndani ya milima ya Alps, mpakani mwa Ufaransa na Italia. Alikaa humo miezi miwili, na hakuchukua saa. Alipiga hema juu ya barafu ya chini ya ardhi, kwenye baridi na unyevu, akiwa na taa, chakula, vitabu, na simu ya waya iliyomuunganisha na wenzake waliokaa juu. Kila alipoamka, alipokula na alipotaka kulala aliwapigia. Wao waliandika saa kwenye daftari, lakini yeye hawakuruhusiwa kumwambia.

Walipompigia kumjulisha kwamba jaribio limekwisha, ilikuwa tarehe 14 Septemba. Kwa hesabu yake yeye ilikuwa 20 Agosti. Siku 25 zilikuwa zimemponyoka bila yeye kuhisi chochote. Katika kipimo kingine alitakiwa kuhesabu kutoka moja hadi 120, kila namba kwa sekunde moja. Aliamini ametumia dakika mbili. Ukweli alitumia tano.

Kinachonishangaza katika kisa hiki ni kwamba Siffre hakuwa anastarehe. Tumezoea kusema muda hukimbia penye raha na huburuza miguu penye shida. Kule pangoni kulikuwa na shida tupu, mikono imekufa ganzi, nguo hazikauki. Ilitakiwa miezi ile miwili imwendee kama miaka. Ilimwendea kama mwezi mmoja na kidogo, kwa sababu hapakuwa na cha kuitofautisha leo na jana. Hapakuwa na asubuhi wala Ijumaa, wala mgeni wa kubisha hodi. Siku mbili zinazofanana, kichwa huzihifadhi kama moja.

Wasomi walikuwa wamelizungumzia jambo hili kabla yake. Mwaka 1877 mwanafalsafa wa Kifaransa Paul Janet alitoa maelezo ambayo hadi leo watu huyarudia bila kumjua aliyeyasema: kwa mtoto wa miaka 10, mwaka mmoja ni sehemu ya kumi ya maisha yake yote, kwa mtu wa miaka 50, ni sehemu ya hamsini. Kwa hiyo kila mwaka unaoongezeka unaonekana mfupi kuliko uliotangulia. Hesabu hiyo ni tamu, na anayeisikia mara ya kwanza huitikia kwa kichwa. Mmarekani William James, aliyeandika kuhusu saikolojia mwaka 1890, hakuridhika nayo. Yeye aliona chanzo kipo kwenye kumbukumbu. Utotoni kila siku huleta jambo geni, na jambo geni hubaki. Ukubwani mambo yanajirudia, siku zinafutana, na mwaka ukiutazama nyuma unauona umesinyaa.

Mimi niko upande wa James, na shahidi wangu ni mzee mmoja wa Eldoret.

Kimani Maruge alikuwa mpigania uhuru wa Mau Mau ambaye hakuwahi kukaa darasani. Serikali ya Kenya ilipofuta ada za shule za msingi mwaka 2003, alisikia tangazo kwamba elimu sasa ni bure kwa wote, akalichukua neno "wote" kama lilivyo. Januari 2004, akiwa na miaka 84 kwa hesabu yake, alijiandikisha darasa la kwanza katika shule ya msingi Kapkenduiywo. Alikuwa na wajukuu katika shule hiyohiyo. Alivaa sare: kaptula, soksi zilizovutwa hadi magotini, na mkongojo mkononi. Akakaa na watoto wa miaka sita, akachonga penseli, akaanza kusoma herufi.

Ukifuata hesabu ya Janet, mwaka wa mzee kama huyu ungepaswa kupita kama kupepesa jicho, maana ni sehemu moja tu kati ya 84. Sasa tazama yaliyomo ndani yake. Mwaka 2005 alichaguliwa kuwa kiranja mkuu. Septemba mwaka huohuo alipanda ndege kwa mara ya kwanza maishani, akaenda New York kuzungumza kwenye Umoja wa Mataifa kuhusu elimu ya bure. Ghasia zilizofuata uchaguzi wa Desemba 2007 zikamtoa kwake, akaishi katika hema la wakimbizi wa ndani, na huko nako akaendelea kwenda shule. Mwaka 2008 alihamia Nairobi kwenye makao ya wazee, akatafuta shule nyingine, akaanza tena. Mwaka 2009 akabatizwa, akapewa jina la Stephen. Agosti mwaka huo akafariki kwa saratani. Ile miaka mitano na ushei imejaa kiasi kwamba miaka yake 20 kabla ya hapo, ambayo ulimwengu hauijui, inaonekana kama dibaji. Sidhani kama kuna aliyemsikia Maruge akilalamika kwamba mwaka umekimbia.

Tukisharidhika kwamba uzito wa mwaka unatokana na tofauti ya siku zake, swali linarudi kwetu: siku zetu zilianza lini kufanana?

Wazee wa pwani walikuwa na mwaka wao chini ya huu wa kalenda ya ukutani. Ulianza Nairuzi, yaani Siku ya Mwaka, ukahesabiwa kwa makumi, siku kumi kumi, hadi zitimie 365. Mvuvi, nahodha na mkulima walijua wako kumi la ngapi, na kwa hesabu hiyo walijua lini mvua itatarajiwa na lini bahari itachafuka. Kwa kuwa hesabu hiyo haikuwa na siku ya ziada ya kila mwaka wa nne, Nairuzi husogea polepole ikilinganishwa na kalenda ya kizungu. Siku hizi huangukia Julai, na ndipo Makunduchi, kusini mwa Unguja, watu hukusanyika kwa Mwaka Kogwa. Wanaume hupigana kwa mashina ya migomba kumaliza kinyongo cha mwaka uliopita. Kibanda cha makuti hutiwa moto. Wanawake huimba, bahari huogwa, na kila nyumba hutaka iwe na mgeni wa kula naye. Ukitoka pale huna haja ya kuambiwa kwamba mwaka umekwisha na mwingine umeingia. Una michubuko ya kukumbusha.

Na kati ya Nairuzi moja na nyingine kulikuwa na majira yenye sura zake. Kaskazi iliposhika, kuelekea Desemba, majahazi yaliingia kutoka Oman, Ghuba na India. Mji ulijaa wageni, tende, mazulia, madeni mapya na ndoa za haraka. Masika yakaja, upepo ukageuka kuwa kusi, na majahazi yakapakia boriti za mikoko na kurudi kwao. Nahodha aliyezembea hadi upepo ukampita hakuwa na mtu wa kumbembeleza. Alikaa bandarini, akala akiba yake, akasubiri. Likafuata baridi la kipupwe, kisha demani bahari ikatulia, kisha vuli. Kila kipindi kilikuwa na chakula chake, kazi yake, maradhi yake na hata harufu yake. Mwaka wa namna hiyo ulikuwa na mafundo kama muwa: ukiushika mkononi unajua umekula pingili ngapi na zimebaki ngapi.

Mwaka huo haujafa kila mahali. Nenda Paje au Jambiani, mashariki ya Unguja, ambako kilimo cha mwani cha biashara kilianza mwaka 1989 na wengi wanaokifanya ni wanawake. Bosi wao ni mwezi wa angani. Mwezi unapoandama na unapokuwa mpevu huja bamvua, maji yakajaa sana na kukauka sana. Siku hizo, mida ya saa nne asubuhi, bahari imekwenda mbali hata ukiitafuta kwa macho unaona mstari tu. Hapo ndipo kina mama huingia, ndoo kichwani, mtandio umefungwa kiunoni, kila mmoja akielekea kwenye vijiti vyake na kamba zake. Wanainama, wanafunga mbegu moja moja kwenye kamba kwa uzi, wanavuna iliyokomaa, wanarekebisha vijiti vilivyong'olewa na mawimbi. Mikono inakwenda na midomo inakwenda. Habari zote za kijiji hupita pale. Maji yakianza kufika magotini, kazi imekwisha, umalize usimalize. Kesho yake maji yatachelewa kwa kadiri ya dakika 50, na ratiba ya nyumba nzima itasogea nayo: mtoto atapelekwa chuoni mapema, chungu kitainjikwa baadaye. Baada ya siku chache huja maji mafu, na shamba la baharini halifikiki kwa urahisi. Ni wakati wa kuanika, kusuka ukili, kwenda kumwona mgonjwa.

Muulize mwanamke wa pale kama ana muda wa kuzungumza nawe. Hatakwambia yuko bize. Atatazama bahari.

Nisieleweke kwamba natamani turudi zamani. Mwaka wenye mafundo ulikuwa pia na njaa ya kabla ya mavuno, na watoto waliozikwa na homa ya masika ambayo leo ingetibiwa kwa vidonge. Mama wa mwani anaumwa mgongo, chumvi inamla mikono, bei anapangiwa na wengine, na maji ya bahari yanayozidi kupata joto yanamharibia mazao. Simwonei wivu. Nauonea wivu mwaka wake tu, kwamba akiutazama nyuma anauona.

Wetu tumeulainisha wenyewe, na mara nyingi kwa nia njema. Umeme ulifuta tofauti ya mchana na usiku. Kiyoyozi kikafuta kaskazi na kipupwe. Ofisini Julai na Februari ni baridi moja. Soko kubwa likafuta majira ya matunda, isipokuwa maembe ya Desemba ambayo bado yanagoma. Mshahara ukaugeuza mwezi kuwa mstari mmoja: tarehe 25 unapumua, tarehe 5 umekwama, na kinachosubiriwa ni 25 nyingine. Mtu anayeishi akisubiri mwisho wa mwezi anaombea maisha yake yapite mbio, mara 12 kwa mwaka, kisha Desemba anashangaa dua imejibiwa. Kwa wapangaji wa mjini, fundo pekee lililobaki ni kodi ya nyumba ya miezi sita, na hilo liko kooni.

Halafu kuna huu mtihani wa vitu vinavyotuokolea muda. Kabla ya M-Pesa, iliyoanza Kenya mwaka 2007 na Tanzania mwaka uliofuata, kumtumia mama fedha kijijini kulikuwa shughuli. Unaziweka ndani ya bahasha, unadamkia stendi, unamtafuta kondakta unayemwamini, unaandika namba ya basi, unapiga simu duka la jirani ili mama aambiwe akae barabarani saa ngapi. Sasa ni sekunde chache ukiwa umelala chali. Dar es Salaam hadi Dodoma kwa basi ilikula mchana mzima. Tangu treni ya umeme ilipoanza safari hizo mwaka 2024, ni kama saa nne. Mabasi ya mwendokasi yalipoanza mwaka 2016, waliokuwa wakikaa Kimara waliona jinsi njia iliyotengwa inavyoweza kumpa mtu jioni yake, siku basi linapokuja.

Tumeokoa saa nyingi. Ziko wapi? Ukimuuliza mtu aliyetumia saa nne badala ya tisa kwenda Dodoma, hawezi kukuonyesha tano zilizobaki. Zilimwagika mahali. Sehemu ilimwagikia kwenye foleni nyingine. Piga hesabu: mtu anayetumia saa mbili kwenda kazini na mbili kurudi, siku tano kwa wiki, wiki 48 kwa mwaka, anakaa barabarani saa 960. Hizo ni siku 40 kamili, usiku na mchana. Kila mwaka anajisomea arobaini yake mwenyewe kwenye kiti cha daladala. Hapa simlaumu abiria; jiji ndilo linamla.

Sehemu nyingine ilimwagikia mkononi, kwenye simu. Zamani gazeti lilikuwa na ukurasa wa mwisho. Mchezo wa redio ulikwisha, mtangazaji akasema tukutane wiki ijayo, ukainuka ukaenda kuteka maji. Hata televisheni ilipiga wimbo wa taifa na kufunga. Mwaka 2006 mbunifu wa Marekani, Aza Raskin, alitengeneza mfumo wa ukurasa unaojiongeza wenyewe kila unapovuta chini, usifike mwisho kamwe. Baadaye yeye mwenyewe alijutia hadharani. Kwa mujibu wa hoja yangu, kazi yake ilikuwa kuondoa fundo. Ulikuwa ukifika mwisho wa ukurasa unapata nafasi ya kujiuliza: niendelee au basi? Sasa swali halipo, na kidole hakina akili. Unaingia kuangalia ujumbe mmoja saa tatu usiku. Unaibuka saa sita ukiwa umeona mapishi, ajali, mahubiri, vichekesho na ugomvi wa wasanii, na asubuhi hukumbuki hata kimoja. Siffre alihitaji pango la barafu ili apoteze siku zake. Sisi tunayo mapango ya mfukoni, na tunayalipia bando.

Kwenye kelele hizi ndipo wametokea wahamasishaji. Amka saa kumi alfajiri. Soma vitabu 50 kwa mwaka. Usiku usilale, wenzako wanatafuta. Wanatuuzia mwaka uliojaa, wakidhani kujaa ndiyo uzito. Siku iliyopangwa dakika kwa dakika, ikifanana na ya jana dakika kwa dakika, itafutika kama zile za aliyelala. Na sikubaliani nao wanapoita kila kukaa ni uvivu. Wanaume wanaocheza bao baada ya alasiri kwenye baraza za Mji Mkongwe au Lamu, kahawa chungu mkononi, hawajapoteza chochote. Wamekutana, wamebishana, wamejua nani anaumwa. Mji uliozoea kusikia adhana mara tano tayari una siku iliyokatwa vipande, na mtu akikwambia tuonane baada ya magharibi anajua anachosema.

Kama kuna mtu wa kujifunza kwake, ningemtazama mfanyakazi wa ofisini, maana ndiye anayetuhusu wengi. Shaaban Robert alizaliwa tarehe 1 Januari 1909 Vibambani, karibu na Tanga. Mwaka 1926 akaajiriwa ukarani wa forodha, na kwa zaidi ya miaka 30 alikuwa mtumishi wa serikali ya kikoloni: forodhani, kisha kwenye idara ya wanyama, kisha Tanga kwenye ofisi ya jimbo, halafu ofisi ya upimaji wa ardhi. Tunamkumbuka kama mshairi, tukasahau kwamba maisha yake yote ya kazi alikuwa karani. Hati za forodha za leo zinafanana na za jana. Makarani wenzake walikuwa na kalenda ileile, mshahara uleule wa mtu mweusi katika serikali ya wageni, uhamisho uleule wa ghafla. Yeye pembeni ya kazi hiyo akaandika zaidi ya vitabu 20: mashairi, insha, riwaya, wasifu wa mwimbaji Siti binti Saad, na utenzi mrefu wa Vita Kuu ya Pili. Kusadikika ikatoka 1951, Adili na Nduguze 1952. Vingine havikupata mchapishaji hadi baada ya kufa kwake.

Sehemu ya pili ya tawasifu yake aliiita Baada ya Miaka Hamsini. Baada ya hamsini hiyo alipata mitatu tu. Alifariki Juni 1962, Tanganyika ikiwa na uhuru wa miezi sita, yeye akiwa na miaka 53. Kwa umri huo wengi wetu bado tunasema nikistaafu nitaanza. Na upande wa pili wa tawi hilohilo yupo Siti mwenyewe, mtoto wa Fumba aliyekuwa akiuza vyungu, ambaye alikuwa karibu na miaka 50 alipokwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi sahani za santuri. Mmoja alikufa mapema akiwa amemaliza mengi, mwingine alianza kurekodi wakati wenzake wanakaa vizingitini kubembeleza wajukuu. Umri haukuwa hoja kwa yeyote kati yao.

Siyo kila mtu ataandika utenzi. Lakini fanya jambo hili jioni ya leo: chukua karatasi, andika majina ya miezi 12 iliyopita, na mbele ya kila mmoja andika unachokikumbuka bila kufungua simu. Nimewaomba watu kadhaa wafanye hivyo, na orodha zao zinafanana kwa namna iliyonifikirisha. Kazi haipo. Vikao vya ofisini havipo. Waliyoandika ni haya: tulimzika shangazi Singida, mvua ikatunyeshea makaburini. Harusi ya mdogo wangu. Mwanangu alilazwa siku nne. Tulipanda Noah kwenda Lushoto ikaharibika njiani. Nilianza kujifunza kushona. Mama alikuja kukaa na sisi.

Yaani ni yaleyale tuliyokuwa tukiyalalamikia kwamba yanatupotezea muda. Msiba unakukata siku tatu za biashara. Kamati ya harusi inakumaliza mfuko na Jumapili zako. Wachaga kila Desemba hujipanga kwenye mabasi kwenda Moshi na Rombo, nauli imepanda, barabara imejaa, na wengine huwacheka kwamba wanatumia akiba ya mwaka kwa wiki mbili za ndizi na nyama. Wacheni wacheke. Mtoto wa Kimara aliyekula Krismasi kwenye kihamba cha babu yake ana Desemba. Aliyebaki mjini anatazama katuni ana tarehe tu.

Sasa, kwa kuwa nimezisifu shughuli, nimalizie na wanaoziharibu. Kutumia muda wako upendavyo ni haki yako. Wa mwenzako ni mali yake. Tuna ugonjwa wa kuchelewesha watu na kuuita utamaduni. Wanafunzi wanasimamishwa juani tangu saa mbili, bendera za karatasi mikononi, wakimsubiri mgeni rasmi anayefika saa saba akiwa ameshakula. Mgonjwa anaambiwa aje alfajiri kupanga foleni kumwona daktari anayeingia saa tano. Mamia ya watu wakichukuliwa saa tano kila mmoja, ukizijumlisha ni miezi ya maisha ya binadamu imeteketezwa asubuhi moja, na hakuna polisi wa kumwandikia mtu kosa hilo. Nahodha wa zamani angepigwa butwaa: alijua upepo haumjui mkubwa wala mdogo.

Na harusi ndiyo usiseme. Mezani kwangu hapa kuna kadi ya Jumamosi ijayo, karatasi nzito, maandishi ya dhahabu, imeandikwa saa kumi na mbili kamili jioni, na chini yake, kwa herufi kubwa, tafadhali zingatia muda. Nimempigia mjumbe wa kamati kumuuliza wataanza saa ngapi hasa. Amecheka. Amesema, "Kaka, we njoo saa mbili na nusu, utawakuta wanapanga viti."